Ivan Mauger: kijana aliyerudishwa nyumbani na moto isiyo na freni, kisha akawa bingwa wa dunia mara 6

Hapa kwetu mashariki, moto si kitu cha kufundishwa mtu. Ukiwa Goma, Bukavu, Uvira, Butembo ao Bunia, kila asubuhi unaamka na sauti yake. Moto inapeleka mama sokoni, inapeleka mgonjwa hospitali, inalipa masomo ya watoto. Na motari yeyote ukimuuliza ni kitu gani cha kwanza anaangalia mbele ya kutoka nyumbani, wengi watakujibu: freni.

Sasa fikiria moto ambayo haina freni hata moja, ya mbele wala ya nyuma. Iko na vitesi moja tu. Inakunywa pombe ya methanoli, si esansi. Na juu yake kuko mtu anayeingia kwenye kona kwa nguvu, akiwa na wengine 3 kando yake, kiwiko kwa kiwiko.

Mchezo huo upo, na jina lake ni spidwei. Ulianza kujulikana sana Australia na Uingereza katika miaka ya 1920, na leo unapendwa zaidi Polandi, Uswidi, Denmarki na Uingereza. Katika makala hii tunawaeleza namna mchezo huu unavyofanyika, na tunafuata maisha ya mtu mmoja ambaye wengi wanamhesabu kuwa mkubwa kupita wote: Ivan Mauger wa Nyuzilandi. Tumemchagua yeye kwa sababu moja. Mara ya kwanza alipojaribu, alishindwa kabisa, akarudi kwao mikono mitupu.

Moto isiyo na freni inasimama namna gani?

Tuanze na hilo, ju ndilo swali ambalo kila motari atauliza.

Uwanja wa spidwei ni njia ya duara ndefu, mfano wa yai, yenye udongo na changarawe ndogo. Urefu wake kwa kawaida ni kati ya mita 260 na 425. Wanashindana watu 4 kwa mara moja. Wanazunguka mara 4, kila wakati wakipinda upande wa kushoto, na kwa dakika moja hivi mambo yamekwisha. Wa kwanza anapata pointi 3, wa pili 2, wa tatu 1, wa mwisho anatoka bure.

Mashine yenyewe ni ya sentimita kyubu 500, silinda moja, na ni nyepesi sana: kilo 77 hivi, chini kabisa ya moto ya taksi tunayoijua. Nguvu nyingi, uzito kidogo. Hapo ndipo hatari inapotoka, na hapo pia ndipo utamu wa mchezo unapotoka.

Akifika kwenye kona, mpanda moto hapunguzi gesi kama tungefanya sisi barabarani. Anaiongeza. Gurudumu la nyuma linazunguka haraka kupita udongo unavyoweza kulishika, basi linateleza na kutoka upande wa nje. Yeye anageuza usukani upande wa kulia wakati kona inaenda kushoto, na mguu wake wa kushoto unagusa chini. Chini ya kiatu cha mguu huo kunafungwa bamba la chuma, ju bila hilo kiatu kingekwisha mara moja. Huko kuteleza ndiko kunakopunguza mwendo. Kwa maneno mengine, gurudumu la nyuma ndilo freni yake.

Na kwa nini wasiweke freni ya kweli? Sababu ni rahisi. Watu 4 wanapokimbia wakiwa wamebanana, mmoja akikamata freni ghafula, wa nyuma atamgonga tu. Bila freni, kila mmoja anajua kwamba wa mbele yake hawezi kusimama kwa ghafula.

Kuna usalama mwingine mdogo: kamba iliyofungwa kwenye mkono wa mpanda moto na upande mwingine kwenye mashine. Akianguka, kamba inachomoka na moteri inazimika. Lakini kamba haizuii mtu kugonga ukuta, wala haimzuii mwenzake kumpita juu.

Kijana wa Christchurch

Ivan Mauger alizaliwa tarehe 4 Oktoba 1939 mjini Christchurch, Nyuzilandi. Mji huo haukuwa mkubwa, lakini katika miaka ya 1950 ulikuwa umetoa wapanda moto wawili waliojulikana dunia nzima. Mmoja ni Ronnie Moore, bingwa wa dunia mwaka 1954 na tena 1959. Mwingine ni Barry Briggs, aliyekuwa bingwa mwaka 1957 na 1958, na baadaye tena 1964 na 1966. Kwa mtoto wa Christchurch, hao hawakuwa majina ya magazeti tu. Walikuwa wakubwa wa kwao, watu waliotoka kwenye barabara zilezile.

Mauger akasema: na mimi pia. Mwaka 1957, akiwa na miaka 17 tu, alisafiri kwenda Uingereza pamoja na Raye, msichana aliyekuwa amemuoa karibuni. Wakati ule Nyuzilandi hadi Uingereza ilikuwa safari ya wiki mingi ndani ya meli. Mtu hakuenda kujaribu bahati ili arudi wiki inayofuata.

Alipokelewa na ekipe ya Wimbledon, ya London, ileile ya Moore na Briggs. Na hapo ndipo matatizo yalipoanza. Wimbledon ilikuwa ekipe yenye nguvu kuliko karibu zote za Uingereza. Nafasi zilikuwa chache, na waliozishika walikuwa mabingwa. Kijana wa miaka 17 alipata kupanda mara chache sana, mara mingi katika mashindano madogo ya mwisho wa jioni, wakati watazamaji wameshaanza kufikiria njia ya nyumbani. Ili aweze kuishi, alifanya kazi ndogondogo palepale uwanjani.

Inafaa tueleze hapa namna pesa ya mchezo huo ilivyotembea. Mpanda moto alilipwa kwa kuanza mashindano, na tena kwa kila pointi aliyopata. Hukupanda, hukupata. Umepanda lakini umefika wa mwisho, umepata kidogo tu. Na moto ni yako: wewe ndiye unayenunua vipande, wewe ndiye unayetengeneza. Motari wetu anayezunguka mchana kutwa bila abiria, na jioni lazima ampelekee mwenye moto hesabu ya siku, anaelewa vizuri hali hiyo kuliko mtu mwingine yeyote.

Mwisho wa mwaka 1958, Mauger na mke wake walirudi kwao. Hakukuwa na kombe, hakukuwa na jina. Kulikuwa tu na kijana ambaye watu wote wa mtaa walijua kwamba alienda Ulaya kuwa bingwa, na sasa amerudi.

Miaka ambayo hakuna aliyemwona

Tunajua wote aibu ya aina hiyo. Mtu ameenda Kampala, Kinshasa ao Ulaya, jamaa walichanga, halafu anarudi kimya. Wengi wanaacha hapo.

Mauger hakuacha, lakini pia hakukimbilia kurudi. Alianza tena kupanda Nyuzilandi na Australia, akakaa karibu miaka 5 akijifunza kazi upya. Kule Australia alipata mashindano mengi na viwanja vya namna mbalimbali, virefu na vifupi, vigumu na vya udongo mwepesi. Polepole alianza kuwashinda watu wenye majina.

Kitu alichokielewa katika miaka hiyo ndicho kilichomtenganisha na wengine baadaye. Wakati ule wapanda moto wengi walitegemea moyo na kipaji. Mtu alikuwa na roho ngumu, basi alipanda, na moto ikiharibika ilikuwa bahati mbaya. Mauger aliona kwamba mashindano mengi yanashindwa mbele ya kuanza: moto iliyotengenezwa haraka-haraka, mnyororo uliochoka, mtu ambaye hakutazama udongo wa siku ile. Akaamua kwamba hivyo vyote ataviondoa kimoja kimoja. Alijulikana baadaye kwa mashine zilizokuwa safi kupita za wote, kwa mafundi waliojua kila kipande, na kwa namna alivyochunguza uwanja kabla ya kupanda.

Zaidi ya yote, alifanyia kazi mwanzo. Katika spidwei, wanaoshindana wanasimama mbele ya kamba zilizovutwa kukata njia. Kamba zikipanda juu, wanaondoka. Mwenye kutoka mbele kwenye kona ya kwanza hapigwi na udongo wa wengine, na anachagua njia anayotaka. Wa nyuma anakula udongo. Kwa hiyo nusu ya mashindano inakwisha ndani ya sekunde chache za kwanza: macho kwenye kamba, mkono wa kushoto kwenye ambreyaji, mkono wa kulia kwenye gesi. Mauger alizifanyia mazoezi sekunde hizo hadi zikawa silaha yake kubwa.

Mara ya pili

Mwaka 1963 alirudi Uingereza. Safari hii hakwenda kwenye ekipe kubwa ya London. Alikwenda Newcastle, mji wa kaskazini, kwenye ekipe ya daraja la chini iliyokuwa inahitaji mtu. Ilikuwa njia ya unyenyekevu, lakini ilimpa kitu ambacho Wimbledon haikumpa: nafasi ya kupanda kila wiki.

Mwaka uleule wa 1963 alichukua ubingwa wa wapanda moto wa ligi hiyo, akauchukua tena mwaka 1964, na Newcastle ikashinda ligi. Mwaka 1965 ligi zikaunganishwa, akaanza kukutana na wakubwa wote kila mara. Mwaka 1966 alifika fainali ya dunia, akamaliza wa 4. Mwaka 1967, kwenye uwanja wa Wembley, akawa wa 3.

Tueleze kidogo fainali ya dunia ya wakati ule, ju ilikuwa kitu kikali. Leo ubingwa unatafutwa kwa mashindano mengi ya mwaka mzima, na imekuwa hivyo tangu 1995. Zamani ilikuwa siku moja tu. Watu 16 waliobaki kutoka dunia nzima walikutana uwanja mmoja, wakafanya mbio 20, kila mmoja akipanda mara 5 na kukutana na kila mwenzake mara moja. Ukishinda zote 5 unapata pointi 15. Mashine yako ikizimika mara moja, mwaka wako umekwisha. Hakuna kesho.

Kwa mtu aliyejenga maisha yake juu ya matayarisho, hiyo ndiyo ilikuwa siku yake.

Mwaka 1968, mjini Gothenburg, Uswidi, Mauger alishinda mbio zake zote 5. Pointi 15, bingwa wa dunia. Mwaka 1969 akashinda tena Wembley. Mwaka 1970 fainali ilifanyika Wrocław, Polandi, na akashinda tena mbio zote 5. Kabla yake hakuna mtu aliyewahi kuchukua ubingwa huo mara 3 kwa kufuatana.

Wapenzi wawili wa mchezo kutoka Marekani walikuwa wameahidi kwamba akifaulu mara ya tatu, wataipaka dhahabu moto yake. Walitimiza ahadi. Moto hiyo ya dhahabu iliwekwa Christchurch, kwenye jumba la makumbusho la Canterbury, katika mji uleule aliorudi kimya mwaka 1958.

Mwanafunzi anapomshinda mwalimu

Mwaka 1971 Mauger alipokonywa ubingwa na Ole Olsen, kijana wa Denmarki. Huyo Olsen alikuwa mwanafunzi wake. Mauger ndiye aliyemwona kwenye mafunzo kule Denmarki na kumsaidia kuingia Newcastle mwaka 1967. Olsen alijifunza kutoka kwake mambo ya matayarisho, kisha akayatumia kumshinda, Mauger akabaki wa 2. Olsen alipata ubingwa mara 3 kwa jumla, na Denmarki ikawa moja ya nchi kubwa za mchezo huu.

Mwaka 1972 Mauger alirudisha ubingwa Wembley. Alikuwa amelingana pointi na Bernt Persson wa Uswidi, 13 kwa 13, ikabidi wapande mbio moja ya ziada, naye akashinda.

Mwaka uliofuata, 1973, mjini Chorzów, Polandi, hali ileile ilijirudia, lakini matokeo yakageuka. Alilingana pointi na Jerzy Szczakiel, Mpolandi ambaye wachache walimtazamia. Mbele ya umati mkubwa uliokuwa ukimshangilia mtu wao, Mauger alijaribu kumpita Szczakiel, akagusa gurudumu lake la nyuma, akaanguka. Szczakiel akawa bingwa wa dunia, wa kwanza kutoka Polandi. Matayarisho yanapunguza bahati mbaya, lakini hayaimalizi.

Mbali na fainali hizo, kulikuwa na kazi ya kila wiki ya ekipe. Akiwa na Belle Vue ya Manchester, tangu 1969 hadi 1972, ekipe ilishinda ligi ya Uingereza mara 3 kwa kufuatana: 1970, 1971 na 1972. Kisha akaenda Exeter, nayo ikashinda ligi mwaka 1974. Baada ya hapo akaenda Hull. Pia alikuwa bingwa wa dunia mara 3 katika mchezo wa jamaa na spidwei, unaofanyika kwenye viwanja virefu zaidi ambako moto zinakimbia kwa kasi kubwa zaidi: 1971, 1972 na 1976.

Bei ya mchezo

Tusidanganyane. Mchezo huu unavunja watu. Ronnie Moore, yule mkubwa wa Christchurch aliyemfungulia Mauger njia, alianguka vibaya Australia mwaka 1975 akaumia kichwa. Alipona na kuishi miaka mingi, lakini mashindano makubwa yalikwisha hapo. Wengine wamebaki kwenye viti vya magurudumu, na wengine hawakurudi nyumbani. Wote walivaa kaske na ngozi nzito, walikuwa kwenye njia iliyofungwa, bila watembea kwa miguu, bila lori linalokuja mbele, na madaktari wakisubiri kando. Hata hivyo iliwapata.

Ndiyo maana miaka mingi ya Mauger juu ya mashine inashangaza hata zaidi ya makombe yake.

Katikati ya miaka ya 1970 watu walianza kusema kwamba amezeeka. Kati ya 1973 na 1976 hakupata ubingwa. Vijana wapya walikuwa na mashine mpya na miili mipya. Mwaka 1977, mjini Gothenburg, siku ambayo mvua iliharibu njia ikawa matope, alichukua ubingwa wa 5. Kwa hilo alilingana na Ove Fundin wa Uswidi, aliyekuwa peke yake na hesabu hiyo.

Halafu ikaja 1979. Tarehe 2 Septemba, fainali ilirudi Chorzów, uwanja uleule alioangukia miaka 6 nyuma. Mauger alibakiza mwezi mmoja tu kufika miaka 40. Alipata pointi 14 kati ya 15, akamshinda Zenon Plech wa Polandi mbele ya watu wa kwao. Ubingwa wa 6. Mwaka huohuo Nyuzilandi, nchi yenye watu wachache, ilishinda kombe la dunia la ekipe mjini London, naye akiwa kiongozi wake.

Hesabu ya 6 haijapitwa hadi leo. Wawili wameifikia: Tony Rickardsson wa Uswidi, aliyemaliza wake mwaka 2005, na Bartosz Zmarzlik wa Polandi, aliyepata wa 6 mwaka 2025.

Alichokiacha

Mauger aliacha mashindano makubwa katikati ya miaka ya 1980. Alipewa nishani mbili za heshima, na wapenzi wa mchezo walimchagua kuwa mpanda moto mkubwa wa karne ya 20. Yeye na Raye, aliyepanda naye meli mwaka 1957, walikaa Gold Coast, Australia. Miaka yake ya mwisho aliugua ugonjwa wa kupoteza kumbukumbu. Alifariki tarehe 16 Aprili 2018, akiwa na miaka 78.

Ndugu msomaji, hatuandiki habari hii ili kijana wa Katindo ao wa Kadutu aende kujaribu kuteleza kwenye kona. Barabara yetu haina kamba ya kuanzia wala daktari wa kusubiri, na moto ya taksi iko na freni kwa sababu nzuri.

Tunaandika kwa sababu ya ile miaka 5 katikati, kati ya 1958 na 1963. Historia inahesabu makombe 6 na inaonyesha moto ya dhahabu. Lakini mtu huyo alitengenezwa wakati hakuna aliyekuwa anamtazama: alipokubali kwamba hakuwa tayari, akatafuta ni kitu gani hasa kilimpungukia, akakifanyia kazi, kisha akakubali kuanzia ekipe ndogo badala ya kubisha tena mlango uleule mkubwa.

Na kama wewe ni motari, kuna jambo lake moja ambalo unaweza kuliiga kesho asubuhi, na halikuombi pesa mingi. Mbele ya kuwasha, tazama mnyororo. Tazama mapine. Kamata freni, uone kama inashika. Funga kaske yako, na umpe abiria wako ya kwake. Bingwa wa dunia mara 6, ambaye moto yake haikuwa na freni hata moja, hakuwahi kudharau kazi hiyo ndogo ya kabla ya safari.